Stelingi Hafi, Basi Nani Anayeanguka?

Hotuba hii niliitoa Chake Chake, Pemba, mbele ya vijana waliomaliza mafunzo ya maigizo, pamoja na wazazi na walimu wao. Wenzetu wengi wa Wete, Micheweni na Unguja hawakuweza kufika, na tangu siku ile wananiuliza nilisema nini. Nimeiandika kama nilivyoisema.

Assalamu alaykum.

Wazee wangu, walimu, kina mama mliokuja na watoto, na nyinyi vijana ambao leo ndiyo siku yenu, nashukuru kuitwa. Nilipopigiwa simu niliambiwa nije nizungumze juu ya mafanikio katika sanaa. Nimelizungusha neno hilo kichwani wiki nzima, na kila nikilishika linaniponyoka. Kwa hiyo nitawazungumzia mtu mmoja. Mtu wa Hong Kong, ambaye karibu kila mmoja wenu kashamwona, na jina lake hamlijui.

Nijibuni kwa mikono. Nani hamjui Bruce Lee? Hakuna. Nani hamjui Jackie Chan? Hakuna. Haya, nani anamjua Yuen Wah?

Mkono mmoja. Ukumbi mzima, mkono mmoja.

Sasa sikilizeni. Ile sinema ya Enter the Dragon ya mwaka 1973, waliyoiona baba zenu na nyinyi mkaja kuiona, ina mahali Bruce Lee anajipindua kinyumenyume. Miguu inapita juu ya kichwa, mwili unazunguka hewani, anatua wima kama paka. Mnapakumbuka? Yule si Bruce Lee. Yule ni Yuen Wah. Amevishwa kama Bruce Lee, uso wake haupewi nafasi ya kuonekana, na kazi ikishakwisha anaondoka, Bruce Lee anarudi mahali pake. Dunia nzima ilipiga makofi, na makofi yale yakaenda kwa mwenye jina.

Nitarudi kwake. Kwanza niwapeleke nyumbani kwetu.

Katikati ya miaka ya 1980 mtaa wetu hapa Chake ulikuwa na nyumba moja yenye deki ya video. Tulikaa jamvini, watoto mbele, vijana nyuma, wakubwa mlangoni kwenye upepo. Siku hizo waya wa umeme unaopita chini ya bahari kutoka Tanga haukuwapo. Huo umefika 2010. Umeme wetu ulikuwa wa majenereta ya Wesha, na mara nyingi ulikatika pale pale stelingi anapokabiliana na bosi wa maadui. Giza. Watoto tunapiga kelele. Halafu mtu mzima mmoja anasema taratibu kutoka mlangoni: "Nendeni mkalale. Stelingi hafi."

Stelingi hafi! Nani hapa hakukua na neno hilo? Tulilisema skuli, tulilisema kwenye mpira, tulilisema hata mgonjwa akipata nafuu. Stelingi hafi. Atapigwa, atatoka damu, atatupwa mtoni, lakini mwisho atasimama.

Sisi hatukwenda kulala. Tulitoka uwani, kwenye mbalamwezi, tukaimalizia sinema wenyewe. Kaka yangu ndiye stelingi, kwa sababu ndiye mkubwa. Mimi adui. Jana adui, leo adui, kesho adui. Nilipigwa teke, nikaangukia majamvi ya karafuu, nikanyanyuka, nikapigwa tena. Usiku mmoja nikaingia ndani nalia. Mama yangu, Mungu amrehemu, alikuwa anachambua karafuu kwa mwanga wa chemni, vidole vinakwenda vyenyewe, karafuu huku, makonyo kule. Hakuinua macho. Aliniambia: "Na wewe usipoanguka, kaka'ko atampiga nani?"

Nilikuwa na miaka 9. Nikarudi uwani nikaanguka vizuri zaidi.

Ndugu zangu, swali la mama yangu ndilo nililokuja nalo leo. Stelingi hafi, sawa. Basi nani anayeanguka? Nani anapokea lile teke? Nani anapita kwenye kioo, nani anaporomoka kwenye ngazi, ili yule mmoja abaki amesimama? Na yule anayeanguka, tunamlipa nini?

Vijana, jambo la kwanza nataka mlishike ni kwamba kuanguka kunasomewa. Kunasomewa kama udaktari, kama useremala, kama kusoma kwa tajwidi.

Yuen Wah alizaliwa 1950. Akiwa mtoto alipelekwa kwenye chuo cha opera ya Kichina ya mtindo wa Peking, chuo cha mwalimu aitwaye Yu Jim-yuen, huko Hong Kong. Opera hiyo si kuimba tu. Msanii mmoja anaimba, anaigiza, anapigana kwa mikuki na panga, na anapiga sarakasi, vyote usiku mmoja jukwaani. Watoto wale walilala chuoni, wakala chuoni, wakafundishwa tangu alfajiri mpaka usiku. Kusimama kwa mikono, kichwa chini, mpaka mikono itetemeke. Kupasua miguu. Kuruka na kutua, kuruka na kutua. Mzazi alitia saini mkataba wa miaka. Wa Jackie Chan ulikuwa wa miaka 10, na kile ambacho watoto walikipata kwenye maonyesho kilichukuliwa na mwalimu.

Pale chuoni watoto walipewa jina la sanaa lenye Yuen, lililotoka kwenye jina la mwalimu wao. Ndiyo maana mnaona Yuen Wah, Yuen Biao, Corey Yuen, mkadhani ni watoto wa tumbo moja. Si ndugu wa damu. Ni ndugu wa jamvi. Jackie Chan mwenyewe pale chuoni aliitwa Yuen Lo, na yule mnene mwepesi, Sammo Hung, aliitwa Yuen Lung. Walikuwa na kikundi kilichojulikana kama Seven Little Fortunes, yaani watoto saba wa bahati, na wakionyesha katika bustani ya burudani ya Lai Yuen.

Chuo kile kilikuwa na bakora. Tena bakora nyingi. Wapo waliokua wakasema ndizo zilizowafanya wawe walivyo. Mimi sikubaliani nao, nalisema hili mbele ya walimu na wazazi kwa heshima zote. Nimefundisha watoto kuanguka kwa miaka mingi sasa, sijamchapa hata mmoja, na wanaanguka. Mtoto mwenye hofu anakaza mwili, na mwili uliokazwa ndio unaovunjika. Kilichowafanya watoto wale kuwa mafundi ni kurudia. Kurudia jambo lile lile mara elfu mpaka mfupa ulijue kabla ya kichwa.

Nataka muone kwa macho yenu maana ya kuanguka kwa elimu.

(Hapa nilijiangusha jukwaani, ubavu wa kulia. Mkono ulipopiga mbao ulisikika ukumbi mzima, na mama mmoja wa mbele akasimama akidhani nimezidiwa.)

Niko salama, mama, kaa. Mmesikia ile sauti? Ule ni mkono wangu, si mfupa wangu. Mkono unapiga chini kabla ya mwili, umekaa upande, haukutanda kama bawa wala haukubana ubavu. Ule mpigo unachukua sehemu ya uzito wa kuanguka na kuusambaza. Kidevu kimeingia kifuani, ili kisogo kisiguse chini. Mgongo umeviringa, haukunyooka. Pumzi imetoka wakati wa kutua, haikuzuiwa. Na kiganja sikukitanguliza. Mtu akiteleza jikoni anatanguliza kiganja, na hapo ndipo kifundo cha mkono kinapovunjika. Kila mtu amezaliwa anatanguliza kiganja. Inabidi ufundishwe kuacha.

Mambo matano kwa muda wa kupepesa jicho. Nani atasema hiyo si elimu?

Sasa turudi Hong Kong. Vijana wale walipotoka chuoni, opera ilikuwa inakosa watu. Walikuwa na ufundi mkubwa wa kitu ambacho watazamaji wameanza kukiacha. Nawaona baadhi yenu mnatabasamu. Wapiga ngoma wetu wanaijua hali hiyo. Lakini studio za sinema zilikuwa zinahitaji watu wa kupigwa. Wakaenda huko. Kwa Kikantoni watu wa kazi hiyo wana jina lenye joka na chuimilia ndani yake, jina kubwa, jina la heshima. Jina kubwa, na mara nyingi uso usioonekana.

Mwaka 1972 Yuen Wah anaonekana katika Fist of Fury. Wangapi wanakumbuka pale kwenye lango la bustani ya Shanghai, penye kibao kinachosema mbwa na Wachina hawaruhusiwi? Anakuja Mjapani mmoja na wenzake, anamwambia Bruce Lee kwamba akijifanya mbwa atamwingiza ndani. Yule ndiye Yuen Wah! Anasema maneno ya kuudhi, anapigwa, mambo yamekwisha. Bruce Lee anaruka anakipasua kile kibao kwa teke, na watu wa sinema wanasimama kwenye viti.

Lakini jiulizeni. Teke lile la kibao lingekuwa na uchungu gani kama yule Mjapani asingetuudhi? Tulishangilia kwa sababu tulikuwa tumeshakasirika, na aliyetukasirisha ni kijana wa miaka ishirini na kitu aliyejua kuinua kidevu chake na kucheka kwa dharau kwa muda mfupi tu. Hasira yetu ilikuwa kazi ya mikono yake.

Mwaka uliofuata ndiyo ile Enter the Dragon. Na humo, wavulana wa chuo kile wamejaa kama karafuu kwenye kikonyo kimoja. Sammo Hung ndiye anayepigana na Bruce Lee mwanzoni kabisa. Jackie Chan ni mmoja wa walinzi, anakamatwa nywele na kuvunjwa shingo, na ukipepesa macho umemkosa. Na Yuen Wah yumo ndani ya mwili wa Bruce Lee mwenyewe.

Wapo watakaosema namdhalilisha Bruce Lee. La, hasha. Bruce Lee alianzia Wing Chun, mchezo wa mikono ya karibu, wa kusimama imara. Kasi yake ilikuwa yake, ngumi zake zilikuwa zake, macho yale yalikuwa yake. Kupinduka hewani ni elimu ya opera, na aliyekuwa nayo ni Yuen Wah. Bruce Lee alijua anachohitaji, akamtafuta mwenye nacho. Alifariki tarehe 20 Julai 1973, ana miaka 32, sinema ile haijaanza kuonyeshwa. Miaka hamsini na zaidi watu wanaitazama, na kila mara wanatazama watu wawili wakidhani ni mmoja.

Mimi nilipolijua hilo nilikuwa mtu mzima, na nililia. Nasema kweli. Nilikumbuka uwani kwetu.

Wazee wangu wa kirumbizi, nawaona watatu hapa, mtanisaidia kwa jambo la pili. Ngoma ikikolea, zumari linalia, wawili wanaingia kati na fimbo. Mmoja anapiga, mmoja anakinga. Hivi watu wanamtazama nani? Wanadhani wanamtazama anayepiga. Lakini muulizeni mzee yeyote wa kirumbizi: ukiingizwa na mtu asiyejua kupokea, mchezo unakufa. Fimbo inakwenda hewani, haina mlio, haina utamu. Au inampata mtu kichwani, ngoma inageuka msiba. Utamu wa pigo uko kwa anayelipokea.

Sinema ndivyo ilivyo. Ngumi mnayoiona imetua taya, mara nyingi imepita shubiri moja mbele ya taya. Kamera imewekwa pembe ambayo ile shubiri haionekani. Basi nani anayekufanya uione ngumi imetua? Ni yule anayepigwa! Ni kichwa chake kinachogeuka kwa wakati wake, si mapema, si kuchelewa. Ni mabega yanayofuata kichwa, kiuno kinachofuata mabega, mguu unaopoteza ardhi. Watu wa Hong Kong walikuwa na ujanja mmoja naupenda sana: walitia poda kwenye nguo za wapigwaji, ili teke likigusa, vumbi liruke. Vumbi lile likatufanya sisi huku Pemba tushike mbavu zetu.

Mwaka 1985 ikatoka Mr. Vampire. Vijana wengi hamkuiona, wazazi wenu waulizeni. Ile ya maiti anayeruka miguu miwili pamoja, mikono imenyooka mbele, kavaa joho la maofisa wa kale wa China, na karatasi ya njano ikibandikwa kwenye paji la uso ananyamaza. Na hakuoni ukizuia pumzi. Wallahi tulizuia pumzi! Watoto thelathini jamvini, hakuna anayepumua, mmoja akishindwa tunamfinya. Tukirudi nyumbani usiku tulipita makaburini tumebana pua.

Nani alikuwa ndani ya joho lile? Yuen Wah. Uso umepakwa hata mama yake asingemjua. Tumezuia pumzi zetu kwa ajili yake, na hatukujua kuwa ni yule yule aliyetuudhi kwenye lango la bustani, na yule yule aliyepinduka badala ya Bruce Lee.

Kisha akapewa kuwa adui mkubwa. Eastern Condors, 1987: jenerali wa Kivietnam, kamwili kembamba, anacheka kicheko cha puani. Kicheko kile kinatisha kuliko bunduki zote za sinema ile, na akiinuka kupigana ndipo unajua kwa nini alikuwa anacheka. Mwaka 1988, Dragons Forever, bosi wa dawa za kulevya mwenye sigara nene mdomoni. Hii naomba muitazame kwa jicho jipya. Jackie Chan, Sammo Hung na Yuen Biao upande mmoja. Yuen Wah upande wa pili. Wanne hao wamekulia chuo kimoja! Wanapigana kiwandani mwishoni kwa kasi ambayo watu wasiokulia pamoja hawawezi kuifikia. Kila mmoja anajua mwenzake atatua wapi kabla hajaruka, maana wametua pamoja tangu utotoni. Ukiona mtu anamtupa mwenzake kwa nguvu zote vile, jua kwamba anamwamini.

Watatu wale ndio majina kwenye bango. Wa nne ndiye aliyewafanya waonekane wana kazi ngumu.

Adui dhaifu anamfanya stelingi awe mwonevu. Fikirini hilo mnapogawana nafasi kwenye michezo yenu. Nimekaa nanyi kwenye mazoezi wiki mbili, nimewaona mnavyogombania kuwa stelingi, na anayebaki ndiye anapewa adui kama adhabu. Mnakosea. Mpeni adui kijana mwenye ufundi kuliko wote.

Tusogee mbele, sitawachosha na miaka ya 1990. Alifanya kazi mfululizo, sinema na tamthilia za televisheni. Jina lake liliandikwa chini, wakati mwingine chini sana.

Mwaka 2004 Stephen Chow akatoa Kung Fu Hustle. Hiyo mmeiona, najua mmeiona. Mnamkumbuka baba mwenye nyumba? Yule mlevi, mwembamba, na mkewe mkali mwenye sigara na nywele za mapindo? Mkewe anamsukuma, anaporomoka kutoka dirishani ghorofani mpaka chini, na akishatua, chungu cha maua kinamfuata kinampasukia kichwani. Tumecheka. Mimi nilicheka mpaka nikashika ukuta. Halafu baadaye, mlevi yule yule anasimama mbele ya wauaji, mikono laini kama moshi, mwili hauna mfupa, kila ngumi inayokuja anaipokea na kuipeleka kwingine.

Anaipokea! Mnaliona? Miaka zaidi ya thelathini mtu huyu amepokea mapigo ya wengine, na nafasi iliyokuja kumpa heshima ni ya bingwa ambaye ufundi wake wote ni kupokea.

Mwaka 2005 alipewa tuzo ya filamu ya Hong Kong, mwigizaji bora msaidizi. Alikuwa na miaka 54. Na yule mama mwenye nyumba, Yuen Qiu, naye ni wa chuo kile kile cha Yu Jim-yuen, na huko nyuma, 1974, alipita kwenye sinema ya James Bond. Wazee wawili wa jamvi moja. Mwaka 2021 Yuen Wah yumo tena katika Shang-Chi ya Marvel, mzee wa miaka 70, amesimama kijijini kama mwalimu. Vijana wa leo walimwona wakauliza, huyu babu ni nani?

Nilisema nitauliza tunamlipa nini anayeanguka. Hapa nitazungumza ya kwetu, na itanibidi nizungumze ya kwangu.

Nimeigiza katika filamu zetu za Kizanzibari kwa miaka mingi. Nimekuwa jambazi, mlinzi, mvuvi aliyerogwa, askari wa mkoloni. Siku moja, sitasema kwa nani wala wapi, niliambiwa nianguke kutoka juu ya ukuta wa nyumba inayojengwa. Niliahidiwa mchanga na godoro. Nilipofika, mchanga upo, godoro bado linafuatwa. Jua lilikuwa linakwenda kuzama, mpiga picha anautaka ule mwanga, watu wote wananitazama mimi. Nikasema haya. Hilo ni kosa langu, na kila mwanafunzi wangu namwambia. Mchanga ulikuwa mwembamba, chini yake zege. Mkono ulipiga vizuri, kidevu kilikuwa kifuani, lakini bega liliingia kabla. Nikausikia mtulinga unavunjika, sauti ndogo, kama kijiti kikavu.

Nilipelekwa hospitali kwa daladala, na nauli nilitoa mimi. Dawa nilitoa mimi. Miezi miwili sikuweza kuinua ndoo. Sikuona hata mtu mmoja wa kuja kuniuliza.

Filamu ikatoka. Tukaitazama nyumbani. Binti yangu alikuwa na miaka 8, ndio kwanza anasoma kwa kasi, na majina yalipoanza kupanda mwishoni akasogea mpaka karibu na televisheni, anayasoma kwa sauti moja moja. Mwongozaji. Mpiga picha. Aliyepika chakula. Akafika mwisho, skrini ikawa nyeusi. Akanigeukia: "Baba, mbona jina lako halimo?"

Mtulinga uliunga. Lile swali bado.

Sisemi haya ili mnihurumie. Nasema kwa sababu ndani ya ukumbi huu wamo watakaokuwa waongozaji, na wamo watakaokuwa watayarishaji wenye fedha. Nawaombeni mambo matatu, na nawaomba mbele ya mashahidi. Godoro lifike kabla ya kamera. Fedha ya matibabu iwekwe pembeni kabla mtu hajapanda ukuta. Na jina liandikwe. Jina halina gharama! Herufi chache kwenye skrini, sekunde mbili.

Msidhani ni sisi wadogo tu tuliosahau. Tuzo za filamu za Hong Kong zinawatunza wapangaji wa mapigano tangu miaka ya 1980. Lakini Oscar, tuzo za filamu za Marekani, ambazo zilianza kutolewa 1929, ni mwaka 2025 ndipo wenyewe walipotangaza tuzo ya kazi za hatari, za kuanguka, kuruka na kugongana. Itaanza na filamu za 2027, itolewe 2028. Karibu miaka 100! Karne nzima watu wanaanguka kwenye ngazi, wanaungua, wanapita kwenye vioo, na jukwaa lile halikuwa na kiti chao. Je, sisi wa kisiwa hiki tusubiri miaka 100? Tuna vikundi vingapi hapa, vitano? Sita? Tukikubaliana leo, tumemaliza leo.

Kaka yangu yuko Unguja siku hizi, ana wajukuu. Nilimpigia simu wiki hii nikamwambia ninakuja kusema nini. Akanyamaza kidogo, kisha akasema: "Ulikuwa unaanguka vizuri mpaka nikajiona najua kupigana."

Basi, vijana. Jumamosi, baada ya sala ya alasiri, nitakuwa uwanjani nyuma ya skuli. Magodoro ninayo manne. Mwenye jamvi kuukuu alete, tutatandika chini yake. Msile mkashiba sana kabla. Vueni saa, pete na vipini. Wasichana karibuni, nina saa maalumu kwa ajili yenu na mwalimu wa kike. Siku ya kwanza hakuna teke, hakuna kuruka, ni kidevu na kifua tu, mpaka shingo ijue.

Binti yangu ana miaka 14 sasa. Atakaa penye mlango wa uwanja na daftari. Kila atakayeanguka, hata mara moja, apite kwake aandikwe. Jina lako, la baba yako na la babu yako.